Kimo cha Mtetezi

Saa ya mchana, wenzake wakila wali na sombe uani, Hulda Kyakimwa alikuwa na desturi ya kusimama ofisini akiuelekea ukuta na kunong'ona maneno ya mchezo wake wa kuigiza. Watu waliokuwa wakingoja kwenye benchi walidhani anasali, wakashusha sauti. Ofisi ilikuwa ghorofani, juu ya maduka ya jumla ya Butembo, na kelele za pikipiki zilipanda hadi dirishani, hivyo ilimbidi anong'one kwa nguvu. Alikuwa mtetezi wa watoto. Aliwatoa kwenye machimbo, kwenye makambi ya msituni, kwenye nyumba za mashangazi wenye mkono mzito, kisha akawasemea mbele ya mahakimu. Jumamosi na Jumapili alikuwa mwigizaji, tena mwigizaji mzuri. Hilo hata wasiompenda walilikubali.

Mkuu wake, Mama Victoire, alikuwa hapendi jambo hilo.

"Hulda, chagua," alimwambia. "Butembo yote ilikuona mu théâtre ukipiga mutoto wa mwingine. Kesho ukienda kumutoa mutoto ku nyumba ya mutu, atakuachilia?"

"Ile ni muchezo tu, maman."

"Ni muchezo kwako. Ku bamama ba soko ni kweli."

Hakusema uongo. Tangu Hulda aigize mama wa kambo, kulikuwa na mwanamke sokoni aliyekataa kumuuzia vitunguu, na alipopita mtaani mama wengine waliwavuta watoto wao ndani. Wote walijua jina lake na kazi yake, na vitunguu hawakumpa. Ofisini walimwambia pia, mara nyingi, kwamba njia mbili zilimshinda fisi. Hulda alijibu kwamba fisi hakujua kupanga saa zake.

Mwaka huo kundi lao lilikuwa linatengeneza mchezo juu ya msichana yatima wa miaka kumi, na Gracien, aliyekuwa akiwaongoza, alimpa Hulda nafasi ya yule msichana. Hulda alikuwa mwanamke mrefu, wa kuinama milangoni. Alijitahidi, Gracien hakuridhika.

"Maman Hulda, unapigaka magoti," alisema. "Mutoto hapigake magoti juu akuwe mufupi. Iko mufupi, basi."

Kwa hiyo Hulda akatafuta mtoto wa kumwangalia, na hakwenda mbali. Alikuwa na Katungu, msichana aliyekuwa akimtetea.

Wazazi wa Katungu waliuawa shambani kwao, upande wa Beni. Yeye na kaka yake Mathe walichukuliwa na baba yao mdogo, Siméon, mwimbaji wa kwaya na mwenye shamba kubwa la kakao. Kakao huvuta wezi, na huvuta wabaya kuliko wezi. Siméon aliwalaza watoto hao wawili kwa zamu katika kibanda cha shambani ili wailinde, akiamini kwamba hakuna atakayeua mtoto kwa ajili ya kakao. Alikuwako. Mathe aliokotwa chini ya miti, na baada ya mazishi Siméon akampa Katungu blanketi la kaka yake na kumwambia zamu ni yake. Halima, muuza vitambaa wa Beni ambaye ni jirani yao, alimchukua mtoto siku hiyo hiyo, akamficha dukani, akampigia Hulda simu.

Sasa hakimu alikuwa anapaswa kuamua: Katungu abaki kwa Halima, au arudi kwa baba yake mdogo. Akirudi, atalala shambani. Jambo lenyewe lilikuwa hilo tu, na Hulda alikuwa amemwahidi mtoto kwa mdomo wake kwamba siku ya kikao atakuwapo na atasema, na hakimu atamsikia, kwa maana wanajuana.

Kila wiki alishuka Beni kumsikiliza Katungu. Mtoto alipokuwa akieleza, Hulda alitazama jinsi anavyoficha kidole gumba ndani ya ngumi, na jinsi anavyoangalia mlango kabla ya kujibu. Alivibeba vitu hivyo viwili hadi Butembo. Jumapili moja baada ya misa, katika ukumbi wa nyuma ya parokia, alificha kidole ndani ya ngumi, akaangalia mlango, akawa mfupi. Gauni lilimwangukia miguuni. Kichwa chake kilifika kwenye ukingo wa meza.

Gracien alimzunguka mara moja.

"Voilà," alisema. "Sasa tufanye kazi."

Fundi akaitwa kupunguza vazi la mchezo. Tangu hapo ilikuwa hivyo kila zoezi: Hulda alikuwa mfupi, mazoezi yakiisha alikunywa chai ya tangawizi, na alipofika nyumbani alikuwa amerudia urefu wake, mifupa ikimuuma kama ya mtu aliyelima kutwa. Mama Victoire alipopata habari aliomba jambo moja tu, kwamba isiingilie saa za kazi.

Iliingilia. Jumapili ya kuamkia kikao cha Katungu walirudia onyesho la mwisho hadi Gracien akapata alichotaka. Hulda akanywa chai yake, akaenda nyumbani, na hakurefuka. Mama yake, aliyekuwa akiishi naye, alimtazama mlangoni.

"Ulikuwaka hivi hivi," alisema.

Akafungua sanduku, akatoa gauni la zamani la shule, akamwambia anawe miguu na akale jikoni, kwa sababu sebuleni kuna wageni na watu wakubwa wanaongea. Nyumba ilikuwa ya Hulda. Mabati aliyanunua yeye. Alikula jikoni.

Asubuhi hakuwa amebadilika. Alikwenda ofisini kwa miguu, viatu vya binti wa jirani vikimbana.

"Wavukire, maman Hulda," mlinzi alimsalimu. "Uko na nani?"

"Niko miye moja."

"Mutoto haingiake bila mutu mukubwa. Ni weye uliwekaka ile sheria."

Hulda akangoja barabarani mpaka mwanamke mmoja asiyemjua alipomshika mkono na kumpandisha. Juu ya mlango wa Mama Victoire palikuwa na ubao wenye maandishi makubwa: MTOTO ASIKILIZWE KWANZA. Hulda ndiye aliyeupaka rangi. Safari hii alilazimika kurudisha shingo nyuma ili ausome.

"Bonjour, Hulda," alisema Mama Victoire, akampa biskuti. Kisha akamgeukia mhasibu, juu ya kichwa cha Hulda. "Masikini, hata viatu hana vya kipimo chake."

"Maman Victoire, leo ni siku ya Katungu. Niko nashuka ku Beni."

"Na nani? Batu bote bako mu séminaire."

Semina ilikuwa katika hoteli moja mjini, juu ya namna ya kuwashirikisha watoto katika maamuzi yanayowahusu. Hulda alikuwa ameandika hotuba ya kuifungua. Alianza kueleza kwamba kikao hakiahirishiki, kwamba Siméon amekwisha kukutana na wajomba wa mtoto, kwamba wakichelewa mambo yatafungwa kienyeji. Alieleza vizuri, hoja baada ya hoja, kama siku zote. Mama Victoire alitabasamu mpaka mwisho.

"Anaongeaka muzuri," alimwambia mhasibu.

Hapo ndipo Hulda aliposhtuka. Kufupika hakukumshtua, kufupika ilikuwa kazi. Alishtuka kwa sababu alikuwa amesema maneno yale yale, kwa mpangilio ule ule uliomfanya mwanamke huyu amwajiri, na maneno yakapita hewani bila kugusa sikio la mtu. Aliweka biskuti juu ya meza, akashuka ngazi moja moja, akamtafuta Idi.

Idi alikuwa dereva wa pikipiki aliyembeba kila wiki kwenda Beni.

"Leo unakaa mbele," alisema, akampakia kati ya mikono yake, juu ya tangi, mahali pa watoto. Hulda alimeza upepo safari nzima. Karibu na Kalunguta palikuwa na kizuizi. Askari aliinamia pikipiki.

"Mwana ya nani?"

"Ni mukiliya wangu, chef, namubebaka kila wiki," Idi alijibu.

"Miye ni mutetezi wa batoto," alisema Hulda. "Niko naenda ku hakimu."

Askari alimwangalia Idi. "Anasema nini?"

"Anasema anaenda ku hakimu."

"Haya, pitisha."

Beni kulikuwa na joto. Kikao kilikuwa katika nyumba ya mbao yenye ua, na chini ya ukingo wa bati Halima alikuwa ameketi na Katungu kwenye benchi. Halima alisogeza kitenge chake, akaendelea kufunga mzigo. Katungu alimtazama Hulda toka kichwani hadi kwenye viatu, akasogea ili kumpa nafasi. Walilingana kabisa, mabega kwa mabega.

"Banakupunguza?" aliuliza.

"Sijue. Itapita."

Katungu alificha kidole ndani ya ngumi, akaangalia mlango.

"Sasa nani atasema?"

"Miye nitasema," alijibu Hulda, na sauti iliyotoka ilikuwa nyembamba.

Uani palikuwa na beberu mweusi amefungwa kamba mpya. Huko, ugomvi wa ndugu ukipelekwa hadi kwa mbuzi, umekwisha: upande wa baba huleta, upande wa mama hupokea kamba, na kamba ikishapokelewa hakuna anayerudi nyuma, awe hakimu au askofu. Mjomba wa Katungu alikuwa amekwisha kufika. Alikuwa akimpima beberu mgongo kwa kiganja.

Ndani, Siméon alisimama kwanza. Alikuwa na suti ya kwaya na alisema kwa unyenyekevu.

"Monsieur le juge, miye ni baba yake mudogo. Damu haitupwake. Niliisha kuzika mutoto moja, sitaki kupoteza wa pili." Akalia. Machozi yalikuwa ya kweli.

Hakimu akamwita Halima. Halima alisema yeye si ndugu, ni jirani tu, lakini mtoto akirudi atalazwa shambani. Hakimu akaandika kwamba si ndugu. Ndipo Hulda akasimama, na kwa kuwa hakuonekana, akapanda juu ya kiti. Alisema sheria inamlinda mtoto na kazi ya hatari. Alisema Katungu asikilizwe peke yake, bila baba yake mdogo chumbani. Hakimu alimsikiliza akiwa ameinamisha kichwa upande mmoja.

"Ana akili sana," aliwaambia wengine, wakacheka kwa upole.

"Monsieur le juge, miye ni Hulda Kyakimwa."

"Maman Hulda, nakujua muzuri sana. Tulikula pamoja ku séminaire ya Goma. Mais acha batu bakubwa bamalize kwanza. Sawa?" Akamwonyesha mlango kwa kalamu. "Muende na mwenzako, muangalie ule mbuzi asikule maua."

Mzee mmoja aliyekuwa kando aliongeza kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Wahenga walimtungia huyo methali. Yule asiyesikia la mdogo hawakumtungia kitu.

Walitoka. Polisi aliwafungulia mlango na kuufunga. Hulda alijaa hasira na mshangao wa mtu aliyepigwa na nyumba yake mwenyewe. Ile kauli, "acha wakubwa wamalize," aliijua. Alikuwa ameitumia, kwa ukarimu, akiwapa watoto penseli za rangi. Katungu alishika kamba ya beberu, akamsogeza mbali na maua, kwa kuwa ndivyo walivyoagizwa.

"Kama wangekuuliza," Hulda alisema, "ungesema nini?"

"Ile ya Mathe."

"Gani?"

"Ile siku alirudiaka nyumbani. Aligonga mulango. Alisema: baba mudogo, kuko batu mu shamba. Baba mudogo hakufungua. Alimuambia: rudia, usilete woga hapa." Katungu alimpapasa mbuzi shingoni. "Nilisikia. Nilikuwa ndani na homa."

Katika wiki zote zile hakuwa na neno hili. Neno hili peke yake lingetosha.

"Juu ya nini hukuniambia?"

"Nilikuambia," alisema Katungu. "Ulikuwa unaangalia kidole changu."

Hakusema kwa lawama, alieleza tu. Hulda aliiacha kamba aliyokuwa ameshikilia naye, akakimbilia dirishani, akapanda juu ya tofali na kuita kwa sauti yake yote kwamba Mathe alirudi, kwamba aligonga, kwamba mlango haukufunguliwa. Aliita jina la hakimu. Ndani mtu alisema batoto ba leo bako na makelele, na dirisha likafungwa. Polisi akamshusha kwenye tofali kwa kumshika chini ya makwapa, polepole, asije akaumia.

Baadaye mlango ulifunguliwa. Siméon alimkabidhi mjomba kamba ya beberu mbele ya wote, mjomba akaipokea, watu wakashikana mikono. Katungu akapakiwa kwenye pikipiki ya baba yake mdogo. Halima alimtupia mfuko wa nguo. Mtoto hakulia, alitazama nyuma mara moja, si kwa Halima wala kwa Hulda, bali kwenye mlango wa chumba cha hakimu.

Idi alimpakia Hulda mbele, wakaanza kupanda kurudi Butembo. Walipokaribia Kalunguta miguu ya Hulda ilianza kuburuta vumbi. Idi alisimama, akangoja amalize kurefuka, akampa koti lake afunike mahali gauni la shule lilipopasuka.

"Hamia nyuma, maman," alisema.

"Hapana. Tugeuze. Turudie ku Beni."

Askari wa kizuizi alimpigia Hulda saluti safari hii, akamwita maman. Hakimu alikuwa anakula chakula cha mchana ofisini. Alipomwona Hulda mlangoni alinyanyuka, akampa mkono akiushika kwa mikono miwili, akamvutia kiti, akafunika sahani yake. Hulda alisema yote: kibanda, blanketi, Mathe mlangoni, neno la Siméon. Hakimu hakumkatiza. Aliuliza maswali mazuri. Hulda alipomaliza, hakimu akafuta mdomo kwa kitambaa, na uso wake ulikuwa umesawijika.

"Ni mbaya sana," alisema. "Uko na haki, maman. Kabisa. Mais kamba iliisha kupokelewa. Ungelikuya asubuhi."

"Nilikuwa hapa asubuhi."

"Najua," alisema hakimu. "Nilikuona."

Maji yakimwagika hayazoleki. Hulda alikata rufaa mchana huo huo. Rufaa ilipokelewa vizuri na kuambiwa ingoje. Alikwenda kwa Siméon, akakaribishwa soda, akaambiwa mtoto yuko kazini.

Mchezo ulifunguliwa Butembo Jumapili iliyofuata, alasiri, ukumbi umejaa hadi madirishani. Hulda alificha kidole ndani ya ngumi, akaangalia mlango, akawa mfupi mbele ya watu wote, nao wakasogeza viti wamwone vizuri. Katika onyesho la mwisho alikuwa ameingiza maneno ya Katungu, moja baada ya jingine, bila kuyapamba: aligonga mlango, akasema kuna watu shambani, akaambiwa arudi, asilete woga. Kisha watu wakaanza kulia. Yule mwanamke wa vitunguu alilia. Mama Victoire alilia akimshika mkono mhasibu. Katika safu ya pili, hakimu wa Beni, aliyepanda na mkewe kwa ajili hiyo, alivua miwani na kuificha mfukoni.

Mwishoni alikuja nyuma ya pazia. Hulda alikuwa bado hajanywa chai.

"Monsieur le juge," alisema haraka, "yule mutoto ni Katungu. Maneno ni yake. Iko mu shamba sasa. Umutoe."

Hakimu alimgusa kichwani kwa kiganja, akamgeukia Gracien.

"Huyu mutoto anacheza sana," alisema. "Batu ba Beni wanapashwa kusikia ile sauti. Mulete hii muchezo siku ya Mutoto wa Afrika. Nitaongea na baviongozi."

Akaongea nao. Mwezi wa sita kundi zima lilishuka Beni na lori la mchele. Jukwaa lilijengwa kwa mbao uwanjani, na Siméon alitoa viti vyote vya plastiki bila kudai chochote. Aliketi mbele kabisa, amevaa suti. Hulda, mfupi, aliwapitia watoto mmoja mmoja kwa macho akimtafuta Katungu, safu baada ya safu, wote waliokuwa wameketi chini kwenye majani, huku akisema maneno yake. Alipofika kwenye kugonga mlango, Siméon alilia kwa sauti, mabega yakimpanda na kushuka, na jirani yake akamshika goti.

Makofi yalipokwisha Siméon alikuwa wa kwanza kumfikia. Alichuchumaa ili walingane.

"Binti, umenitoa machozi," alisema. "Mungu akubariki."

"Katungu iko wapi?" Hulda aliuliza. "Juu ya nini hukuya naye?"

Siméon alifuta uso, akamwelezea taratibu, kwa subira, kama watu wanavyowaelezea watoto.

"Leo batu bote bako hapa wanaona théâtre," alisema. "Na kakao, binti, haibakiake yenyewe."